Sosi ya maepo na mapeasi: si jemu, wala si pilau

Mpishi wa Tanga akiharibu sosi ya maepo na mapeasi, mara nyingi huiharibu kwa ujuzi, si kwa ujinga. Mkono uliozoea jemu hutia sukari pamoja na matunda tangu mwanzo, moto juu, na kinachopatikana ni vipande vigumu vinavyoelea kwenye shira. Mkono uliozoea pilau hutupia karafuu kumi na tano na iliki za kutwanga kabla hata sufuria haijachemka, na kesho yake ukifungua chupa unanusa dawa ya jino. Sosi hii ina mpangilio wake: tunda lilainike kwanza peke yake, lichujwe, ndipo ije sukari, na iliki iwe ya mwisho kabisa. Ukiushika mpangilio huo, vipimo vingine unaweza kuvivuta huku na huku bila kuharibu kitu.

Tuanze sokoni. Pale Mgandini maepo yanakuja kwa njia mbili. Yapo ya kutoka nje, hasa Afrika Kusini, yamepangwa yanang'aa, na msimu wake ukifika yapo ya Lushoto, madogo, yana madoa, na mengi ni makali. Kwa kula mkononi watu hukimbilia yanayong'aa. Kwa sosi, chukua ya Lushoto bila kufikiri mara mbili. Ukali ule ni asidi, na asidi ndiyo inayoipa sosi ladha iliyochangamka na kuisaidia isiharibike upesi. Juu ya hapo, epo ambalo halijaiva sana lina pektini nyingi, na pektini ndiyo inayoifanya sosi ishikane bila unga wala wanga wowote. Ukiyakosa ya Lushoto, changanya: nusu yawe ya kijani, yale makali ya Granny Smith, na nusu mekundu. Ukipika mekundu matupu, sosi hutoka tamu iliyopooza na utaishia kuikamulia limau hadi uchoke.

Maepo ya nje hupakwa nta ili yasinyauke njiani. Kama unakusudia kuyapika na maganda yake, yaoshe kwa maji ya moto huku ukiyasugua kwa kitambaa, la sivyo yamenye tu.

Mapeasi ni matunda yenye vituko. Huchumwa yakiwa magumu na huivia ndani ya nyumba, tena huanza kuiva kwa ndani kuja nje. Anayesubiri ubavu wa tunda ulainike atakuta katikati pameshakuwa tope la kahawia. Pa kubonyeza ni shingoni, karibu na kikonyo: pakibonyea kidogo tu, limefika. Kwa joto letu la pwani, peasi lililoshuka gumu kutoka milimani linaweza kubadilika ndani ya siku mbili tatu, kwa hiyo yatandaze kivulini, yasilaliane, na yatazame asubuhi na jioni. Yakikuwahi kabla hujapata nafasi ya kupika, yaingize kwenye friji.

Mzigo wa Lushoto hushuka kwa zile kona za Soni mpaka Mombo, na kwenye matenga matunda hugongana. Alama za kahawia za kugongwa hazina neno, zikate uendelee. Tunda lililooza ni kesi nyingine. Ukungu wa bluu unaoozesha maepo hutoa sumu iitwayo patulini, na sumu hiyo haiondoki kwa kuchemsha. Fungu la bei ya kutupa, lile lenye matunda nusu mabovu, usilinunue kwa hoja kwamba moto utaua kila kitu. Hautaua hicho.

Vipimo vya sufuria moja: maepo kilo 2, mapeasi kilo 1, maji kikombe kimoja na nusu (karibu mililita 375), sukari gramu 200 hadi 300, maji ya limau vijiko 4 vya chakula (mililita 60), chumvi nusu kijiko cha chai. Viungo ni vijiti 2 vya mdalasini vyenye urefu wa kidole, karafuu 6, iliki 8, tangawizi mbichi gramu 30 na kungumanga ya kuparua, kiasi cha kubana kwa vidole viwili. Hapo utapata lita 2 hivi, pengine pungufu kidogo ukiipenda nzito. Wengine hugeuza, kilo 2 za mapeasi kwa 1 ya maepo, kwa kuwa mapeasi yana harufu nzuri zaidi. Ni kweli yana harufu nzuri, lakini yana maji mengi, asidi ndogo na pektini haba. Sosi yake hujitenga: juu maji, chini nyuzinyuzi. Mbili kwa moja ndiyo hesabu inayokaa.

Sufuria iwe ya stili. Hili huwaudhi wengi, maana sufuria kubwa nyumbani kwa kawaida ni ya alumini. Asidi ya matunda na limau, ikichemshwa saa nzima, hula alumini: sosi hupata ladha ya chuma na kuta za sufuria hutoka zimebadilika rangi. Kama huna ya stili, sufuria ya enameli isiyobanduka inafaa. Iwe ndefu kuliko unavyodhani inahitajika, sababu utaiona baadaye.

Menya mapeasi yote. Ganda lake ni gumu na lina ukakasi wa kukaza ulimi, na chini yake kuna chembe kama mchanga. Maepo unaweza kuyaacha na maganda ikiwa utachuja, na maganda mekundu huipa sosi rangi ya waridi ya kupendeza. Kata kila tunda mapande manne, toa moyo na mbegu, kisha kila pande likate mara mbili. Unavyokata, tumbukiza kwenye beseni la maji lita 2 yaliyokamuliwa ndimu mbili, kwa sababu tunda lililokatwa likipata hewa hugeuka kahawia mara moja. Ila yasilale humo. Nusu saa inatosha, zaidi ya hapo yanaanza kunywa maji na wewe utalazimika kuyakausha maji hayo kwa mkaa wako.

Moto wa kwanza ni wa kulainisha. Maepo, mapeasi, maji kikombe na nusu, tangawizi iliyokatwa vipande, mdalasini na karafuu, mfuniko juu, moto wa wastani. Mdalasini na karafuu zifunge kwenye kitambaa cha shashi ili uzitoe kwa mkupuo mmoja badala ya kuzisaka kwa kijiko. Mapeasi yakiwa bado magumu, yatangulie dakika 10 kabla ya maepo. Baada ya dakika 20 au 25 kila kipande kiwe kinapondeka ukikigandamiza kwa mwiko ukutani mwa sufuria. Limau na sukari bado zipo mezani, hazijaguswa, na zina sababu ya kukaa huko: zote mbili huchelewesha tunda kulainika. Sukari ya mapema huvuta maji kutoka kwenye kipande na kukiacha kimekaza. Kwenye jemu ya vipande unautaka ukazo huo, hapa hauna kazi. Na kuna suala la kuungua: maji matupu ya matunda huvumilia mpishi akienda kupokea mgeni mlangoni, lakini sukari ikishaingia, chini kunashika upesi, na harufu ya kuungua hupenya sufuria nzima. Ikishika, usikwangue. Mimina ya juu kwenye sufuria nyingine bila kugusa chini, onja, na kama haina uchungu endelea.

Wanaotumia mkaa wapunguze moto kabla ya hatua inayofuata. Toa makaa mawili matatu, yaliyobaki yafukie kwa jivu.

Sasa kuchuja. Toa kifurushi cha viungo na vipande vya tangawizi, pitisha matunda kwenye chujio la waya lenye matundu ya wastani, ukisukuma kwa mgongo wa upawa. Maganda na chembe zitabaki juu. Blenda ni rahisi, sikatai, ila ina kasoro tatu. Huingiza hewa, na sosi hutoka na povu na kupauka. Husaga maganda na mbegu yoyote iliyosahaulika, na mbegu za epo na peasi zikisagwa hutoa kitu chenye sianidi. Kiasi ni kidogo, lakini uchungu wake unausikia. Ya tatu ni ya hatari: uji wa moto ukijaa blenda iliyofunikwa kabisa, mvuke huusukuma mfuniko na kumwagia mikono. Ukilazimika, acha upoe, jaza nusu tu, na mfuniko uache upenyo uliofunikwa kwa kitambaa.

Kilichochujwa kirudi motoni bila mfuniko, pamoja na sukari, chumvi na limau. Hapa ndipo urefu wa sufuria unapolipa. Uji mzito wa matunda hautokoti kwa amani: unajikusanya, unakaa kimya, halafu unapasuka na kuruka, na tone lake hung'ang'ania ngozini. Mwiko uwe mrefu, moto mdogo, na ukoroge ukikwaruza chini polepole, dakika chache kwa kila mara mwanzoni, na bila kuacha mwishoni. Dakika 20 hadi 35 kwa kawaida zinatosha. Ukiona rangi inaelekea waridi, hasa kama mapeasi yalikuwa mengi, usihangaike. Mapeasi yakikaa motoni na asidi muda mrefu hufanya hivyo, hayajaharibika.

Kujua imefika, usiitazame ndani ya sufuria, maana ikiwa ya moto huonekana nyepesi kila wakati. Weka sahani ndogo kwenye friji tangu unaanza kuchuja. Itoe, dondosha kijiko kimoja katikati, subiri dakika moja. Tazama ukingo wa ile sosi. Ukiona duara la maji linachuruzika kuizunguka, bado. Ukingo ukibaki mkavu, na ukipitisha kidole katikati njia ikabaki wazi, zima moto.

Viungo sasa. Mkoa wetu hauna njaa ya viungo: iliki, mdalasini, karafuu na pilipili manga hulimwa Usambara Mashariki, huko Amani na vijiji vyake wilayani Muheza. Hakuna sababu ya kununua unga wa kopo. Unga wa mdalasini hufanya sosi iwe na utelezi na rangi ya tope, tena hujui umekaa dukani tangu lini. Kijiti kizima hutoa harufu na kuondoka. Karafuu ndiyo ya kuogopa: mafuta yake ni makali na hayaishii jikoni, huendelea kusambaa ndani ya chupa siku baada ya siku. Sita kwa kilo 3 zitaonekana haba ukionja leo. Ziache hivyo hivyo. Anayetaka nane aongeze kwenye sufuria ijayo, baada ya kuionja hii ikiwa imelala usiku mzima. Iliki ni kinyume chake, harufu yake ni nyepesi na huruka na mvuke. Ukiitia mwanzoni utanukisha jirani, na sosi itabaki bila kitu. Chagua yenye ganda la kijani, pasua moja: mbegu ziwe nyeusi na zinanata. Zikiwa kavu na za kijivu, zimezeeka. Zitwange kwenye kinu kidogo, maganda yatupe, na unga wake uingie dakika 2 kabla ya kuzima moto, pamoja na kungumanga. Pilipili manga ni hiari. Punje tano zilizopondwa huipa sosi joto la nyuma ya koo ambalo huenda vizuri na samaki wa kukaanga na mishikaki, lakini kwa ya watoto iache.

Utamu uuonje ikiwa imepoa. Ulimi husikia sukari zaidi kwenye kitu cha moto, kwa hiyo sosi iliyo sawasawa ikiwa jikoni itakuwa kali kidogo ikitoka kwenye friji. Asali inaweza kushika nafasi ya sehemu ya sukari, ila sosi hiyo asipewe mtoto wa chini ya mwaka mmoja. Sukari guru nayo ni nzuri, lakini huipeleka rangi kwenye kahawia nzito na kufunika harufu ya peasi. Mimi naiona inafaa zaidi kwa maepo matupu.

Kuhifadhi ndiko kunakohitaji ukali zaidi. Sosi ya kuliwa nyumbani haina mambo: ipoe, ijazwe kwenye chombo safi chenye mfuniko, iingie friji, iliwe ndani ya wiki moja au mbili. Kwenye friza hukaa miezi minane hadi kumi, ukiacha nafasi ya sentimita 2 au 3 juu, kwa kuwa ikiganda huvimba na kupasua chupa. Kwa Tanga yenye joto na umeme wenye hiari yake, wengi wanataka ya kukaa kabatini, na hapo hakuna kubahatisha. Bakteria wa sumu ya botulini hawakui kwenye chakula chenye pH isiyozidi 4.6 (pH ni kipimo cha ukali: namba ikishuka, asidi imezidi). Maepo kwa kawaida yako chini ya hapo kwa nafasi nzuri. Mapeasi mengine, hasa yaliyoiva sana, hukaribia mstari huo au kuuvuka. Ndiyo maana ya vile vijiko 4 vya limau kwa lita 2, yaani viwili kwa kila lita, na ndiyo sababu havipunguzwi hata kama unaona sosi ni kali. Ongeza sukari badala yake. Kwa chupa za kabatini tumia maji ya limau ya chupa, ambayo ukali wake umepimwa kiwandani. Limau la mtini hubadilika kwa aina na kwa kuiva.

Kwa hoja hiyo hiyo, usichanganye papai wala ndizi mbivu kwenye sosi ya kabatini ili iwe nyingi. Yana asidi ndogo na yatapandisha pH ya chupa nzima. Vitunguu na pilipili hoho vivyo hivyo. Ukivitaka, tengeneza ya friji.

Chupa ziwe za kioo nene, za mdomo mpana, zimeoshwa na ziko kwenye maji ya moto mpaka dakika ya kujaza. Za plastiki zilizokuwa na siagi ya karanga hazifai, hulegea kwa moto. Mfuniko ndio wenye kazi, na mfuniko uliokwisha tumika, ule ambao mpira wake wa ndani umekakamaa au una alama ya mdomo wa chupa nyingine, hautaziba vizuri. Chupa za jemu zilizookotwa na mifuniko yake ya zamani ni za friji. Jaza sosi ikiwa inachemka, acha sentimita 1 na kidogo juu, pitisha kijiti safi pembeni kutoa mapovu ya hewa, futa mdomo wa chupa, funga bila kukaza kwa nguvu zote. Tandika kitambaa chini ya sufuria kubwa, panga chupa, maji yazifunike kwa sentimita 2 na nusu. Anza kuhesabu maji yanapochemka kwa nguvu, si yanapoanza kutoa mvuke. Nusu lita ni dakika 20, lita moja ni dakika 25. Mpishi wa Lushoto, aliye mita 1,400 hivi juu ya bahari, maji yake huchemka kwenye nyuzi 95 hivi, kwa hiyo aongeze dakika 10 kwa chupa za ukubwa wowote.

Zikitoka zisiwekwe kwenye sakafu ya saruji, zitapasuka. Kunja kanga, zipange juu yake, ziache mpaka kesho yake bila kuzibonyeza. Ule mtindo wa kuzipindua kichwa chini haufungi chupa, huchafua tu mfuniko. Kesho yake katikati ya mfuniko pawe pamezama na pasirudi juu ukipabonyeza. Ambayo haikuzama ni ya friji, anza nayo.

Baadaye ukifungua chupa ikatoa hewa kwa kishindo, ikawa na mapovu madogo, au ina harufu ya pombe, chachu imeingia. Ukiona ukungu juu, hata wa ukubwa wa kucha, tupa chupa nzima. Kuondoa tabaka la juu ni desturi ya jemu yenye sukari nyingi, na hata huko ni desturi mbovu. Sosi hii ni laini na ina maji, mizizi ya ukungu huzama mbali kuliko unavyoona.

Maganda na mioyo ya maepo ya Lushoto usivitupe. Vijaze kwenye chupa kubwa, mimina lita 1 ya maji yaliyochemshwa yakapoa na vijiko 4 vya sukari, funika kwa kitambaa, koroga kila siku kwa wiki moja, chuja, halafu acha wiki nyingine tatu au nne mpaka iwe siki. Maganda yawe chini ya maji wakati wote, yanayoelea huota ukungu. Siki hiyo ni nzuri kwa kachumbari na kwa kulowekea samaki. Kwenye sosi ya kabatini haiwezi kushika nafasi ya limau, kwani ukali wa siki ya nyumbani haujapimwa.